Gari lilichemsha Kitonga, sasa kila mtu ananitajia rangi yake ya kulanti

Kaka Fundi, salaam sana na pole na kazi.

Mimi ni mama wa watoto wawili, naishi Makambako, nina duka la vifaa vya shule. Tuna RAV4 ya mwaka 2008, injini 2AZ ya CC 2400, tuliyoiagiza Japani miaka minne iliyopita. Halijawahi kunisumbua mpaka mwezi uliopita.

Tulikuwa tunarudi kutoka Dar, mdogo wangu anaendesha, mimi pembeni, watoto nyuma. AC tuliiwasha tangu Morogoro kwa ajili ya joto. Ruaha Mbuyuni tukasimama, tukanunua gunia la vitunguu, tukaanza kupanda Kitonga nyuma ya lori la kontena lililokuwa likitambaa. Katikati ya mlima mshale wa joto ukapanda ghafla mpaka kwenye nyekundu, na mvuke ukaanza kutoka kwenye boneti. Kijana mmoja wa kwenye lori alikuja kutusaidia. Akashika kifuniko cha rejeta kwa kitambaa, akakizungusha, maji yakaruka yakamuunguza mkono kuanzia kiganja hadi kwenye kiwiko. Nilimpeleka zahanati mimi mwenyewe baadaye, na mpaka leo nikifumba macho naona ile ngozi.

Tulimimina chupa zetu zote za maji ya kunywa, tukafika Ilula, kisha Iringa. Fundi wa hapo akasema thamostati (kile kivalvu kinachoachia maji yaende kwenye rejeta injini ikipata moto) ndiyo mbovu, akaitoa na kuitupa, akasema magari ya nchi ya joto hayaihitaji. Akajaza maji ya bomba. Kweli gari halijachemsha tena, ila asubuhi linachelewa sana kupata moto, hita inatoa ubaridi, na petroli linakunywa kuliko zamani. Maji ya kwenye kitanki cha akiba yamekuwa na rangi ya chai, na kila baada ya siku nne au tano naongeza kama nusu lita.

Sasa nataka kuweka kulanti, ile dawa ya maji ya kupozea injini. Mume wangu anasema ni kutupa pesa, kulanti ni ya nchi za barafu. Mdogo wangu anasema niweke ya kijani kwa sababu ndiyo ya zamani na imara. Muuzaji wa spea anasema Toyota ni nyekundu, mwenzake wa duka la pili akaniambia ni ya waridi, na wa tatu akasema zote ni moja, nichanganye tu. Niweke ipi? Na je, naweza kusimamia kazi hii nyumbani na mdogo wangu? Desemba tunashuka tena Dar kwa mama.

Mama Wawili, Makambako

JIBU

Dada yangu, poleni kwa safari ile, na umefanya la maana kumpeleka yule kijana zahanati. Naomba nianze na mkono wake, kwa sababu Desemba barabara ile itajaa magari. Rejeta iliyochemka haifunguliwi, iwe kwa kitambaa au kwa glovu. Maji yaliyomo yako chini ya mgandamizo, na mgandamizo huo ndio unaoyafanya yapite nyuzi 100 bila kuchemka. Kifuniko kikilegea tu, mgandamizo unatoka na maji yale yanageuka mvuke kwa mpigo mmoja. Zima injini, weka kibao cha hatari nyuma ya gari, shusha watoto wakae mbali na barabara, kisha subiri saa nzima. Minya mpira wa juu wa rejeta. Ukiwa bado mgumu au wa moto, endelea kusubiri.

Tuje kwenye gari. Umeniuliza sana habari za rangi, lakini mstari ulionishtua ni ule wa nusu lita.

Mfumo wa kupoza injini ni wa kufungwa. Maji yake hayatumiki kama petroli, yanazunguka yaleyale mwaka hadi mwaka. Nusu lita kila siku nne ina mahali inapokwenda, na ukinunua kulanti leo kabla hujapajua, utaimwaga barabarani kidogo kidogo. Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kumwambia fundi akupimie mgandamizo. Kuna pampu ndogo ya mkono yenye geji, inafungwa mahali pa kifuniko cha rejeta injini ikiwa baridi, anasukuma upepo mpaka kiwango kilichoandikwa juu ya kifuniko chenyewe. Kwenye Toyota nyingi utasoma 108 kPa, yaani kipimo cha mgandamizo. Mnasubiri robo saa. Sindano ikishuka, mnashika tochi na kutafuta.

Mtafute kwenye viungo vya mipira, na pale plastiki ya rejeta inapobanwa kwenye alumini, juu na chini. Pampu ya maji ina kitundu kidogo chini ya shafti yake. Pampu ikianza kuchoka, maji hutokea hapo na kukaukia, yakaacha ukoko wa waridi au mweupe kama chumvi, na huo huwezi kuusahau ukishauona mara moja. Halafu mmulike nyuma ya injini, pale silinda hedi (kichwa cha injini) inapokaa juu ya bloku (kiwiliwili chake). Injini za 2AZ-FE, hasa zile za mwaka 2002 hadi 2006, zina ugonjwa unaojulikana: nyuzi za bolti za hedi upande wa nyuma hung'oka ndani ya alumini, hedi ikaacha kubana, na maji yakavuja taratibu mahali ambapo mtu haoni. Ya kwako ni ya 2008, baada ya Toyota kurekebisha, lakini kwetu huku injini huhamishwa kutoka gari hadi gari, na iliyoko chini ya boneti yako huenda si iliyozaliwa na gari hilo. Kumulika hakugharimu kitu.

Nje kukiwa kukavu kabisa, maji yanapita ndani. Fungua kifuniko cha oili uone kama kina utando wa rangi ya maziwa. Asubuhi, injini ikiwa baridi, acha rejeta wazi, uwashe na uangalie kama mapovu yanapanda mfululizo bila kukoma. Moshi mweupe mzito unaoendelea hata injini ikishapata moto ni dalili ya jambo hilohilo: kuharibika kwa gasketi ya silinda hedi, kile kizibo chembamba kati ya hedi na bloku. Inawezekana kabisa, kwa sababu mlipanda kutoka katikati ya Kitonga hadi Iringa na injini iliyoungua. Ikiwa ndivyo, kulanti isubiri, gasketi kwanza.

Sasa shemeji. Mwambie nimemsikiliza, na kwa jambo moja yuko sahihi: maji matupu hubeba joto vizuri zaidi kuliko maji yaliyochanganywa na kulanti. Na kweli Makambako hakuna barafu ya kupasua rejeta. Ila kulanti haikuwekwa kwa ajili ya barafu peke yake. Injini yako ni bloku ya alumini, hedi ya alumini, rejeta ya alumini, pamoja na vipande vya chuma, na maji yanagusa vyote hivyo yakiwa na moto wa nyuzi 90 mchana kutwa. Maji matupu hayana cha kuzuia kutu. Ile rangi ya chai kwenye kitanki chako ni chuma cha injini kikiyeyuka, dada. Kutu hiyo inakwenda kukaa kwenye vijia vyembamba vya rejeta na vya hita, na seali ya pampu ya maji inasagwa nayo. Dawa zilizomo ndani ya kulanti ndizo zinazofunika chuma kisiguswe.

Jambo la pili ni mwinuko. Iringa na Makambako mko juu, zaidi ya mita 1,500 kutoka usawa wa bahari, na huko maji katika sufuria huchemka yakifika nyuzi 95 hivi. Kifuniko cha rejeta kikiwa kizima kinaongeza zaidi ya nyuzi 20 juu ya hapo. Kikiwa kimechoka, springi imelegea na mpira wake umekauka, injini yako inapanda mlima ikiwa imebakiwa na nafasi ndogo mno kabla ya kuchemka. Mchanganyiko wa nusu kwa nusu unakuongezea nyuzi nyingine kadhaa. Nunua kifuniko kipya chenye namba ileile ya mgandamizo. Ni spea ndogo, na mafundi wengi hawaigusi kabisa.

Rangi. Hakuna sheria duniani inayosema kijani ni hivi na nyekundu ni vile. Ni wino tu, kila kiwanda kinatia wa kwake. Kijani ya kizamani ilikuwa na silikati na ilidumu kama miaka miwili. Leo utakuta kijani ambayo ni ya kisasa kabisa, na utakuta ya waridi ya magari ya Ulaya isiyofanana hata kidogo na ya waridi ya Toyota. Kinachosomwa ni maneno ya nyuma ya dumu. Kitabu cha Toyota kinataka kulanti ya ethilini glikoli, ya muda mrefu, yenye mseto wa asidi ogania, isiyo na silikati, amini, nitriti wala borati. Toyota wenyewe wana mbili. Nyekundu ni ya zamani kidogo, inauzwa nzito na unaichanganya mwenyewe. Ya waridi ndiyo ya muda mrefu zaidi, nayo imeshachanganywa nusu kwa nusu kiwandani, haiongezwi maji. Gari la umri wa lako lilitoka kiwandani na ya waridi, ambayo mara ya kwanza hubadilishwa kwenye kilomita 160,000 na baada ya hapo kila kilomita 80,000. Basi wauzaji wako wawili wote walisema kweli nusu. Yule wa tatu usimfuate: kuchanganya aina tofauti kunaua dawa mapema, na baadhi zikikutana huganda kama uji mzito ndani ya rejeta.

Huhitaji dumu lenye jina la Toyota. Kulanti ya kampuni nyingine inayotimiza maelezo hayo na kuandikwa kuwa ni ya magari ya Kijapani inafaa. Tatizo letu ni maji ya rangi yanayouzwa kama kulanti. Chukua kidogo kwenye kichupa kitupu cha dawa, kifunge kwenye mfuko, andika SUMU, kiweke kwenye friza mbali na chakula na mbali na watoto, kilale. Mchanganyiko wa kweli wa nusu kwa nusu hugandia karibu nyuzi 37 chini ya sifuri, friza ya nyumbani haifiki huko. Ukikuta asubuhi kichupa kimekuwa barafu, rudisha dumu dukani. Jaribio hili halikuambii kama dawa za kutu zimo, lakini tapeli wa waziwazi unamkamata.

Na maji ya kuchanganyia yana uzito uleule. Kulanti nyingi za Kijapani zina fosfati, na fosfati ikikutana na maji ya kisima yenye chokaa hutengeneza unga mweupe unaoziba rejeta. Ndugu zetu wa Dar wana balaa jingine, maji ya visima yenye chumvi, na chumvi inatoboa alumini. Tumia maji yaliyotoneshwa, yale tunayoita maji ya betri. Hapo soma chupa kwa makini mno, dada, kwa sababu kwenye rafu hiyohiyo hukaa asidi ya kujazia betri mpya, na chupa zinafanana. Unayotaka ni yale maji safi ya kuongezea.

Kazi yenyewe mnaweza kuifanya nyumbani, baada ya uvujaji kuzibwa. Msiifanye bila thamostati mpya mkononi. Huyu wa Iringa alikuondolea dalili akakuletea maradhi mengine. Thamostati ya injini yako hufunguka kati ya nyuzi 80 na 84. Isipokuwepo, injini haifiki moto wake, kompyuta inadhani bado ni asubuhi na kuongeza petroli. Ndiyo hiyo hita yako baridi na tenki linaloisha mapema. Zaidi ya hapo, thamostati nyingi za Toyota zina sahani ya pili inayoziba njia ya mkato injini ikishapata moto. Ukiitoa, sehemu ya maji hubaki ikizunguka ndani ya injini bila kupita kwenye rejeta, na siku ya mlima mrefu gari linaweza kuchemsha kwa sababu hiyohiyo. Ya kuungua hutupwa, sawa, lakini hununuliwa nyingine. Mkiifunga, kile kipini kidogo kinachochezacheza kielekee juu ili hewa ipate pa kupita.

Kuna faida moja ya kuwa huna thamostati kwa sasa: suuzeni mfumo kabla hamjaifunga, maji yatapita kila mahali tangu mwanzo. Injini baridi, hita kwenye joto la mwisho, fungueni kizibo cha chini cha rejeta, beseni liwe chini. Kitanki cha akiba kitoeni na mkioshe kwa sabuni, kwa sababu tope lote limelala humo. Jazeni maji safi, washeni mpaka mpira wa juu upate moto, zimeni, mngoje upoe, mwageni. Rudieni mpaka yatoke meupe. Kwa rangi uliyonieleza, jiandaeni kwa mara nne au tano. Ya mwisho iwe maji yaliyotoneshwa.

Hapa ndipo watu wengi, hata mafundi, wanapokosea hesabu. Ukifungua rejeta peke yake, mengi hubaki kwenye bloku. Tuchukue mfano wa mfumo wa lita 7 (kiasi kamili kimo kwenye kitabu cha gari): zinatoka 4, zinabaki 3 za maji matupu. Ukimimina lita 4 za kulanti ya waridi iliyokwisha kuchanganywa, ndani una lita 2 tu za kulanti halisi katika 7. Hata theluthi haifiki, na ulilipia mchanganyiko wa nusu kwa nusu. Ama mfungue bolti ya kumwagia iliyoko kwenye bloku maji yote yatoke, ndipo mtie ile ya waridi. Ama mtumie ile nzito: mimineni lita 3.5 za kulanti kwanza, kisha mjazie nusu lita ya maji yaliyotoneshwa. Pimeni kilichotoka kwenye beseni, msikisie.

Kujaza ni kwa polepole, gari likielekea juu ya kilima kidogo, pua juu. Minyeni mipira ya rejeta kwa mkono, mtasikia hewa ikitoka kwa mlio wa gubu-gubu. Washeni bila kifuniko, ongezeni kadiri inavyoshuka, mpaka feni iwake na kuzima mara mbili na hita itoe moto wa kweli. Fungeni kifuniko kipya. Kesho yake asubuhi, kabla ya kuwasha, tazama kitanki: iwe kati ya LOW na FULL. Rudia kutazama kila asubuhi kwa wiki mbili.

Kulanti yoyote mtakayomwaga isibaki kwenye beseni uani. Kulanti ina ladha tamu, na ethilini glikoli inaharibu figo na kuua, mtoto au mbwa hahitaji nyingi. Iwekeni kwenye dumu la kufungwa na mumpelekee fundi anayekusanya oili chafu. Mtoto akiionja, hospitali saa hiyohiyo, na mchukue dumu mkamwonyeshe daktari.

Na Desemba, mkitoka Dar, simameni Ruaha Mbuyuni kwa vitunguu kama kawaida, lakini kabla ya kuanza Kitonga zimeni AC. Mkikwama nyuma ya lori, liachieni nafasi upepo ufike kwenye rejeta. Mshale wa Toyota hukaa katikati kwa muda mrefu hata joto likiwa linapanda, kwa hiyo ukivuka katikati kwa unene wa kidole usisubiri nyekundu: washa hita yote, feni mwisho, madirisha wazi, na utafute mahali salama pa kuegesha. Watoto watalalamika joto. Waambie ni dakika chache, mpaka Ilula.